Upande wa Kulia wa Kaa

Ndugu waombolezaji, majirani, jamaa wa karibu na wa mbali, na ninyi wafanyakazi wenzake marehemu mliotoka kazini moja kwa moja na bado mmeshika makoti yenu ya maabara mikononi, familia imenipa mimi, mdogo wake wa pekee, kazi ya kusoma maisha ya dada yangu mbele yenu, na imenionya zaidi ya mara moja kwamba nisirefushe, kwa sababu wananijua, nami nimekubali kwa mdomo huku nikijua moyoni kwamba mtu aliyemaliza maisha yake akichora viumbe vya baharini kwa ncha ya kalamu, nukta baada ya nukta, hawezi kusimuliwa harakaharaka. Wengi wenu mlimwita Taratibu, jina alilopewa na mama yetu kabla hajajua kusoma, na ndilo nitakalolitumia, maana akiitwa kwa jina la kwenye vyeti alikuwa hageuki.

Marehemu alizaliwa tarehe 9 Machi 1951, katika chumba cha nyuma cha nyumba ya kupanga iliyokuwa barabara ya pili kutoka bandarini, akiwa mtoto wa kwanza wa baba aliyekuwa karani wa ghala na mama aliyekuwa fundi cherehani, mimi nikafuata miaka minne baadaye, na baada ya kuniona mama akasema inatosha. Cherehani ya mama ilikaa dirishani, dirisha likiwa upande wa kushoto, na chini ya meza ile ndipo Taratibu alipokulia, kati ya vipande vya vitambaa na vumbi la chaki, akitazama mguu wa mama ukipanda na kushuka juu ya pedali, na aliwahi kuniambia kwamba kumbukumbu yake ya kwanza hapa duniani ni mwanga uliokuwa ukipenya kwenye kitambaa cha buluu kilichoning'inia ukingoni mwa meza, kiasi kwamba kwa muda mrefu aliamini kuwa yeye na mimi tulizaliwa chini ya maji, na kwamba siku moja tutaitwa turudi.

Ni pale chini alipomwona mama akikunja kitambaa katikati, akikata upande mmoja tu, kisha akikikunjua na gauni zima likatokea, mabega mawili sawasawa, kiuno kimekaa mahali pake, na jambo hilo lilimwingia kichwani hata akawa anakunja kila karatasi iliyopita mkononi mwake, anachora nusu ya kipepeo, nusu ya uso wangu, nusu ya baba aliyelala kitini mdomo wazi, halafu anaibandika kwenye kioo cha dirisha na kufuatisha nusu ya pili kwa nyuma. Baba alilalamika kwamba mtoto huyu atatumalizia karatasi zote za ghala, mama akamjibu bila kuinua macho, mwache, mkono anao.

Kwa upande wa elimu, marehemu alianza darasa la kwanza Januari 1958 katika shule ya msingi iliyokuwa nyuma ya soko, akaendelea na sekondari mwaka 1965, na huko ndiko walimu walipoanza kugawanyika juu yake, maana katika mtihani mmoja wa baiolojia aliambiwa achore samaki na kutaja sehemu zake, akachora samaki magamba yote, moja baada ya jingine, kengele ikalia hajaandika hata jina lake mwenyewe, na mwalimu akamrudishia karatasi ikiwa na maneno pembeni kwamba samaki yuko hai lakini mtahiniwa haonekani. Kuanzia mwaka 1970 hadi 1972 alisoma chuo cha sanaa, na walimu wa sanaa nao wakamnung'unikia kwamba anachora kama mtu wa maabara, hana ujasiri, hana fujo, wamwombe hata anga jekundu yeye anauliza nani aliliona na saa ngapi, na baadaye alipofika maabara wakamnung'unikia kwamba anachora kama msanii. Hivyo ndivyo alivyoishi, mguu mmoja huku na mwingine kule, na kwa kweli sikuwahi kumwona akisumbuka kuuvuta wowote.

Tarehe 3 Septemba 1973 marehemu aliajiriwa kuwa mchoraji katika kituo cha utafiti wa bahari, akapewa chumba cha mwisho cha ghorofa ya juu, chumba ambacho wengi mliopo hapa mnakijua kuliko mimi, chenye rafu za chupa kutoka sakafuni hadi darini, na ndani ya kila chupa kiumbe mweupe aliyelala kwenye spiriti, kwa kuwa spiriti hutunza umbo na kula rangi, na chini ya dirisha lake yalikuwapo matangi ya maji ya bahari yaliyo wazi, jua likiyapiga linarudi juu na kutetema kwenye dari ya chumba chake. Nilikuwa nikienda kumtembelea mchana, nikifungua ule mlango nahisi masikio yangu yameziba, sauti za mjini zinabaki nje, dari inachezacheza, na dada yangu yuko pale katikati, ameinama juu ya hadubini, mgongo hautikisiki, kalamu inagusa karatasi na kuinuka, inagusa na kuinuka, nami nakaa kwenye kiti cha kona na mara nyingi nasinzia, na nikizinduka nakuta kiumbe aliyekuwa hayupo sasa yupo.

Kazi hiyo ina sheria zake, naye alizishika mpaka nyumbani. Mwanga katika michoro ya kisayansi hutoka juu upande wa kushoto, siku zote, ili msomaji yeyote ajue shimo ni shimo na kinundu ni kinundu, na kwa hiyo kila konokono, kila kamba, kila nyota ya bahari aliyepita mikononi mwake kwa miaka thelathini na minane alimulikwa na jua moja lisilotembea, jua lile lile, nina hakika, lililokuwa likipita kwenye kitambaa cha buluu cha mama. Nyumbani kwake hakukuwa na kiti wala kitanda kilichowekwa dirisha likiwa kulia, na ukihamisha kiti kwa bahati mbaya, unakirudisha mwenyewe kwa sababu ya jinsi anavyokutazama.

Si kwamba hakukosea, na yeye angekuwa wa kwanza kuniambia nisimpake mafuta. Mwaka 1975 kituo kilitoa kitabu cha mwongozo wa viumbe wa pwani, yeye akapewa ukurasa wa kaa wa matopeni, na kwa kuwa muda ulikuwa mfupi akafanya kama alivyomwona mama akifanya, akachora upande wa kushoto kwa uangalifu wake wote, akakunja karatasi nyepesi, akafuatisha, akakunjua, na ukurasa ukachapwa ukiwa na kaa mzuri ajabu mwenye magando mawili makubwa. Sasa, kila mtoto aliyecheza kwenye matope anajua kwamba dume la kaa yule lina gando moja kubwa na jingine dogo kama kibanio, lakini mchoraji, mhariri na mkuu wa kituo wote walitazama wakaona mchoro umenyooka, pande mbili zimelingana, wakaridhika, na wanafunzi waliopelekwa ufukweni na kitabu mkononi wakashinda juani wakitafuta kaa wa aina hiyo, wakarudi wakiripoti kwamba ametoweka.

Aliyegundua alikuwa mtafiti mpya wa kaa, kijana mrefu aliyefunga vifungo vyote vya shati hadi shingoni, ambaye alipanda ngazi hadi chumba cha mwisho akiwa amebana kitabu kwapani na kushika beseni mikononi, asiseme salamu wala lawama, akaliweka beseni juu ya meza ya dada yangu, na ndani yake kaa hai akainua gando lake moja kubwa na kulipunga juu chini, juu chini, kama wafanyavyo. Dada akamwuliza, "Ananiita mimi?" Yule kijana akajibu kwa uso mkavu kabisa, "Anakusalimia, na anauliza lile gando la pili umempatia wapi, wenzake nao wanalitaka." Taratibu alicheka mpaka akashika ukingo wa meza, yule kijana akafungua kifungo kimoja cha shati, na ndugu zangu, huyo ndiye shemeji yangu mnayemwona ameketi pale mbele.

Walifunga ndoa tarehe 12 Novemba 1977, na mimi niliyekuwa shahidi nasema wazi kwamba sijaona watu wawili waliopendana hivyo na kubishana hivyo, yeye shemeji akiamini kitu kikishahesabiwa na kupimwa kimejulikana, na dada akiamini kitu kikishatazamwa mpaka kikuchoke wewe ndipo kinapoanza kujulikana. Siku moja shemeji alimwomba mchoro wa pweza hai mwenye rangi zake halisi, akaletewa michoro mitatu, mmoja wa kijivu, mmoja mwekundu, mmoja wenye madoa, akauliza rangi halisi ni ipi kati ya hizi, dada akamwambia achague kwanza pweza awe na hasira au awe na usingizi. Kwa upande wake shemeji, na hili si siri, hajui kuchora hata kidogo, kaa wake wa kwenye daftari la safari wanafanana na ndala zilizoota miguu, na kila alipomwonyesha mkewe mchoro wake kueleza jambo, dada aliutazama kwa heshima zote, kisha akamwomba aeleze kwa mdomo.

Mungu aliwajalia watoto wawili, wa kiume aliyezaliwa mwaka 1979, ambaye ni fundi umeme na amesafiri usiku kucha kufika hapa, na wa kike aliyezaliwa mwaka 1984, ambaye ni nesi na ndiye aliyemwuguza mama yake hadi dakika ya mwisho, na watoto hao walilelewa katika nyumba ambayo huwezi kula kamba bila kwanza kuambiwa ana jozi ngapi za miguu, na mtoto akileta picha aliyochora shuleni, baba anauliza kwa nini mtu huyu ana vidole sita, na mama anauliza mwanga unatoka wapi. Pamoja na hayo wote wawili wamekua na akili timamu, nasi tunamshukuru Mungu.

Sasa nafika kwenye jambo ambalo familia iliniambia nilitaje kwa ufupi, nami sitaweza.

Mwezi Aprili 1996 meli ya kituo ilivuta matope kutoka kwenye bonde la chini kabisa la bahari, kule ambako mwanga haufiki, na katika matope yale akapatikana kaa mmoja, mdogo kama ukucha wa dole gumba, mweupe, macho yamefifia, gando la kushoto refu lililopinda likiwa na safu ya vinyweleo laini kama kope, na upande wake wa kulia haukuwapo, wavu ulikuwa umeung'oa wote, gando na miguu. Shemeji alipekua vitabu vyote vya kituo asimkute, akaandikia wataalamu wa mbali nao wasimjue, akaelewa kwamba baada ya kutumikia maisha yake yote kaa waliopewa majina na watu wengine, huyu alikuwa wake wa kumpa jina, ila tu katika ukoo ule wa kaa gando la kulia ndilo linalotenganisha aina na aina, na bila mchoro kamili hakuna jarida ambalo lingempokea.

Taratibu akaketi akachora upande wa kushoto, kazi ya wiki nyingi, mpaka ukiutazama unataka kupuliza matope yatoke kwenye vile vinyweleo, akafika kwenye mstari wa katikati ya gamba, akaweka kalamu chini. Mkuu wa kituo akamwambia akunje karatasi amalize, maana zilikuwapo habari kwamba wenzetu wa kituo kingine nao wanavuta matope kwenye bonde lile lile, na anayechapisha kwanza ndiye anayetoa jina, dada akasema hapana, karatasi alishaikunja mara moja na wanafunzi wakaungua na jua. Shemeji akambembeleza nyumbani, mezani, mimi nikiwapo na kijiko changu hewani, akamwambia, "Mama watoto, jamaa zake wote nawajua, naweza kukuambia gando la kulia likoje, wewe chora tu." Na dada akamjibu kwa sauti ya chini, "Basi wewe andika. Kwenye maandishi unaweza kuweka neno labda, na watu wakaliona. Mimi kwenye mchoro sina pa kuliandika."

Nitasema ukweli, mimi siku ile niliona dada yangu ana kichwa kigumu, nikamwuliza kwani kaa atakwenda kumshtaki. Shemeji alihamia ofisini, akalala huko kwenye kitanda cha kukunja kwa siku nyingi, wanapishana kwenye ngazi za kituo wakisalimiana kama watu wa idara mbili, na katika nyumba ile watoto walikuwa wakitembea kwa vidole vya miguu. Halafu asubuhi moja shemeji alipanda hadi chumba cha mwisho akiwa na ile chupa, akaiweka kwenye rafu iliyo karibu na meza ya mkewe, akaigeuza ili upande wa kushoto wa kaa uelekee dirishani, akasema neno moja tu, "Tutangoja," na jioni walirudi nyumbani pamoja.

Wakangoja. Kila jarida jipya lilipofika, shemeji alilifungua amesimama, hakai, anapitisha kidole kwenye orodha ya majina mapya, akimaliza anashusha pumzi na kukaa, na mwaka ukaingia mwaka, hakuna aliyempata kaa yule, wala sisi wala wao, na dada alipostaafu mwaka 2011 alipewa ruhusa ya kuuchukua ule mchoro nyumbani, akautundika karibu na dirisha, upande wa kushoto ukiwa umejaa uhai na upande wa kulia karatasi tupu, na jirani yetu mmoja aliyeko hapa aliwahi kumpa pole akidhani wajukuu wameufuta.

Katika miaka ile ya kungoja, kaa yule alianza kumjia dada ndotoni. Alikuwa akitusimulia wakati wa chai, kwa utulivu kama mtu anayeeleza mgeni aliyepita, kwamba yuko tena chini ya meza ya mama, kitambaa cha buluu kimening'inia, maji yamejaa chumba lakini hayalowanishi, pedali inapanda na kushuka bila mguu, na kaa anapita ukutani, mwendo wao ule wa ubavuubavu, mkubwa kama paka, polepole, akimwonyesha upande wa kushoto tu, na pale ambapo upande wa kulia ungekuwapo hapana kitu isipokuwa ule mwanga wa buluu. Shemeji, mtu wa ushahidi, aliweka kikombe chini kila mara na kumwuliza, "Safari hii uliuona?" Dada anasema, "Sikuuona." Shemeji anasema, "Haya," nao wanaendelea na chai yao, na mimi sijui mpaka leo kama swali lile lilikuwa la sayansi au la mapenzi.

Kuhusu maradhi, marehemu alianza kutetemeka mkono wa kulia mwanzoni mwa mwaka 2016, akapimwa na kuelezwa kwamba ni ugonjwa wa neva usio na tiba ya kuumaliza, akapewa dawa zilizomsaidia kwa kiasi, mkono wa pili nao ukafuata, na siku alipojaribu kuweka nukta ikatoka mkia, aliifunga kalamu, akaifuta vizuri, akatuambia huku akitabasamu, "Sasa mkono nao unasema labda." Mimi nilitoka nje nikalia kwenye ngazi, na sioni haya kulisema.

Mwezi Februari mwaka huu wa 2021, dada akiwa hatoki tena kitandani na kifua kimeanza kumsumbua, mtafiti kijana aliyerithi meza ya shemeji kituoni alipiga simu akiwa anahema, kwamba wamevuta matope kutoka bonde lile lile, na kuna kaa, na ni mzima, kulia na kushoto. Shemeji alivaa viatu bila soksi. Alirudi jioni na yule mtafiti, wakiwa na chupa na hadubini ya kuazima, wakaviweka kwenye meza ya chumbani, dirisha kushoto, shemeji akatazama kwa muda mrefu mpaka tukadhani amesinzia, kisha akainua uso akiwa na machozi na kusema kwamba gando la kulia si kubwa kama alivyofikiri yeye, wala si refu kama la kushoto, kama mkuu wa kituo alivyotaka, ni dogo, pana, bapa, kama kijiko cha chumvi, na kwamba hata yeye na elimu yake yote asingelikisia. Akamwambia mkewe, "Mwaka ule ningekudanganya." Dada akasema, "Hapana, wewe ungekisia. Mimi ndiye ningedanganya."

Hapo likaja swali la nani atachora, binti yake akasema atatafuta mchoraji mwingine, mtafiti kijana akasema siku hizi kuna kamera nzuri sana, tukaafiki sote, na Taratibu akanyanyua kile kidole chake kinachotetemeka akamwelekeza mumewe. Tulicheka chumba kizima, na shemeji alicheka kuliko sote, mpaka alipomtazama usoni akaona hatanii.

Basi kwa wiki zile za mwisho, yeyote aliyepita barazani kwao alisikia mabishano, shemeji amekaa kando ya kitanda na ubao magotini, ule mchoro wa dirishani juu yake, dada amelaza kichwa kwenye mito miwili akifuata kila nukta kwa macho, mume anasema vinyweleo vya hapa ni kumi na moja nimevihesabu, mke anasema vizuri, sasa niambie cha mwisho kinapotelea wapi, mume anasema kinaishia hapa, mke anasema hakiishii, kinaingia kivulini, usichore gando, chora giza lililo chini yake, gando litakuja lenyewe. Nukta mbaya zilikwanguliwa kwa wembe, zilikuwa nyingi, sakafu ilijaa unga wa karatasi kama vumbi la chaki la mama, na jioni moja nilimsikia shemeji akisema kwa mshangao kwamba ametazama kaa tangu ujanani na hajawahi kuona jinsi gamba linavyoanza, na dada akamwambia kwamba yeye naye hakuwahi kufikiria kuvihesabu vile vinyweleo, na sasa vinamfurahisha.

Jioni ya tarehe 27 Machi mchoro ulikamilika. Taratibu aliutazama, macho yakitembea kutoka upande wake hadi upande wa mumewe na kurudi, akasema ni kaa, neno ambalo kwake lilikuwa sifa kubwa, kisha akasema kwamba kwenye shina la gando la kulia pana nukta moja iliyozidi, pale ni laini tu, hapana kitu, aikwangue kesho kwa sababu mwanga umeshaondoka. Shemeji akauweka wembe juu ya karatasi.

Asubuhi ya tarehe 28 Machi aliamka akiwa mtulivu, akamwambia binti yake kwamba kaa amepita tena ukutani, na safari hii alikuwa akirudi alikotoka, kwa hiyo upande wa kulia ulionekana wote, na binti alipomwuliza ukoje, akasema, "Kama alivyochora baba yako, ila ile nukta haipo." Akaomba dirisha lifunguliwe, likafunguliwa, na muda mfupi baadaye akaacha kupumua, akiwa na umri wa miaka sabini. Ameacha mume, watoto wawili, wajukuu watatu, na mdogo wake huyu anayewasomea.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi waliomtibu kwa miaka mitano bila kumchoka, hata pale alipokuwa akiwaomba wahamishe kitanda cha wodi kwa sababu dirisha liko kulia, inawashukuru majirani waliopika, waliokesha na waliotuletea viti, inamshukuru yule jirani wa kufutwa kwa mchoro kwa ukarimu wake usio na mwisho, na inawashukuru wafanyakazi wote wa kituo, hasa mtafiti kijana, ambaye angeweza kumpa kaa yule jina yeye mwenyewe, akapiga simu badala yake. Kwa wanaouliza, jina limeshaandikwa na shemeji na limekwenda kwenye jarida, na si jina la dada yangu, maana alikataza mapema, akisema hataki watu wafungue chupa wakimtafuta.

Mchoro wenyewe uko pale, kwenye kiti, karibu na kichwa cha jeneza. Leo alfajiri nilimkuta shemeji amekaa mbele yake akiwa ameshika wembe, nikamshika bega, nikamsihi aiache ile nukta, nikamwambia ni kitu cha mwisho walichozungumza, nani atajua, nani ataona, iache ibaki ya kwenu. Alinisikiliza mpaka mwisho, kwa sababu ni mtu mwenye adabu, kisha akasema, "Shemeji, kaa hana hiyo," akainama, akaikwangua, akapuliza unga, akalainisha mahali pale kwa ukucha.

Mtakapopita kumuaga, piteni na kwenye mchoro pia, msiuguse, utazameni tu, upande wa kushoto ni wa dada yangu na upande wa kulia ni wa mumewe, tofauti mtaiona, hata kipofu angeiona, na kwenye shina la gando la kulia hamtaona kitu.

Pumzika kwa amani, Taratibu, mwanga unatoka kushoto, na hakuna kilichozidi.